Jina la Pili Kwenye Jalada

Enzi hizo kampuni ya filamu ikiona mwandishi anachelewa, ilimfungia katika nyumba ya wageni kule Yugawara, penye chemchemi za maji moto, asitoke mpaka amalize. Mwalimu Tonegawa alifungiwa, na mimi mwanafunzi wake nikafungiwa naye. Miaka sita nilikuwa nikinakili miswada yake kwa mwandiko safi. Kubadili hata neno ilikuwa mwiko. Aliyenitangulia alitimuliwa kwa kubadili maneno matatu tu.

Siku ya tisa, katika kunakili, nikafika pale mama anapomuaga bintiye stesheni. Mwalimu alikuwa amempa mama huyo hotuba ya kurasa mbili. Mama gani anaongea hivyo? Wangu, siku naondoka kwetu Niigata, alinitazama miguuni akasema soksi yangu imetoboka. Basi. Sikio la kufa halisikii dawa: nikaandika soksi, hotuba nikaiacha.

Kesho yake asubuhi Mwalimu akausoma muswada kwa sauti, supu yake ikipoa. Alipofika stesheni akauweka muswada chini. Niliinama mpaka paji la uso likagusa mkeka. Nilijua kazi imeota mbawa.

"Hisae, hotuba yangu iko wapi?"

"Nimeitoa, Mwalimu. Nisamehe."

"Siku tatu imenitoa jasho, we unaniletea soksi?"

"Ndivyo alivyoniambia mama."

"Soksi!" Akavua miwani, akapangusa macho. "Mwanaharamu wee. Wangu aliniambia kola imepinda. Nilikuwa nimeshasahau."

Akachukua brashi ya wino, na kwenye jalada, kando ya jina lake, akaandika langu: Murayoshi Hisae. Sikuamini. Kazi ya mwanafunzi hutoka kwa jina la mwalimu wake, ndivyo tulivyoikuta dunia.

Bwana Iwabuchi wa kampuni alipokuja kuuchukua muswada, akalitazama jalada akacheka kidogo.

"Mwalimu, hapa umepitiwa. Mnakili hakai juu ya jalada."

"Haya, mfute."

Iwabuchi akatoa kalamu.

"Ila anza na langu," Mwalimu akasema. "Ukimaliza, urudi Tokyo mikono mitupu."

Kalamu ikarudi mfukoni.

Nimeandika filamu thelathini na nne tangu siku ile, na watu huniuliza nilianzaje. Nawaambia kweli: nilimwibia mwalimu wangu kurasa mbili, naye alikuwa na haki yote ya kunifukuza. Namshukuru mpaka leo, na wanafunzi wangu wote majina yao yako juu ya jalada.