Jeneza la Mtu Mnene

Jeneza lilikuwa jipya, bado likinuka vanishi, na ndani yake wangeweza kulala watu wawili.

Mdogo wangu Crisanto alilitengeneza mwenyewe kwa kipimo cha Dindo, mwigizaji mnene aliyepangwa kuwa marehemu katika sinema. Enzi zake Crisanto naye aliigiza: majambazi, mapadri, wanaume wa kupigwa risasi mapema. Mvi zilipomwingia hakuna aliyemwita tena mbele ya kamera, akahamia kusanifu mandhari. Kuta za sinema nyingi hapa Manila ni zake. Mastaa waliziegemea bila kujua aliyezipaka rangi.

Asubuhi ya kupiga picha Dindo akaugua. Mwongozaji, Evaristo, akamgeukia Crisanto.

"Lala wewe, mzee. Uso wako bado kamera inautaka."

Nilikuwa nashona vifungo vya shati la marehemu. "Usiingie humo," nikamwambia. "Linapwaya."

Kwetu, jeneza likimpwaya maiti humwita mwingine wa nyumba ileile. Nyumbani kwa Crisanto alibaki mtu mmoja tu, bintiye Rosenda, naye ni mjamzito, tumbo limekwisha kushuka, karibu kujifungua.

"Dada, maiti gani anakula wali wako na kudai ukoko?" akanitania, akaingia.

Taa zikawaka. Nikauona uso wake ukilainika kwa raha niliyodhani imekwisha kumhama. Kisha mkono wake wa kushoto ukatelezea kwenye uwazi uliobaki kando yake, ukapapasa taratibu, kama mtu anayemtafuta mwenzake kitandani. Raha ikamtoka usoni.

"Safi," akasema Evaristo. "Tunarudia, kwa karibu."

Crisanto akatoka, akachukua msumeno.

"Mzee, unafanya nini? Nalihitaji hilo."

"Utalipata. Ngoja nilipunguze."

Alikata mbao, akapigilia misumari, jasho likimdondoka puani. "Nipime mabega, dada," akawa ananihimiza. "Sasa miguu." Hatimaye akalala tena, mikono kifuani.

"Pitisha mkono wako."

Nikajaribu kuupenyeza kati ya bega lake na ubao. Haukupita. Miguuni, vilevile.

"Nafasi ya mtu mwingine ipo?"

"Haipo," nikasema. "Limekukaa."

Akatabasamu, akafumba macho. Evaristo akaamuru watu watulie, kamera ianze. Katika kazi zote za Crisanto nilizowahi kuziona, hakuna iliyopimwa barabara namna ile.