Kifo cha Msellem Mbele ya Kamera

Waliokuwapo sebuleni, Darsait mjini Maskati, alasiri moja ya mwaka 1998, walikuwa wanne: Bi Nasriya binti Msellem, mwenye nyumba na mkubwa wa ukoo, mwanawe Sleiman, Balqis, mke wa Sleiman, na Mzee Ishaq, binamu yake Bi Nasriya, aliyekuja kutoka Hamriya na tasbihi yake mkononi. Wa tano alikuwamo ndani ya kanda ya video.

Huyo wa tano ni Msellem, babake Bi Nasriya. Aliondoka Unguja na meli ya Kinorwe, bintiye akiwa bado ananyonya, asirudi. Kilichorudi ni uvumi: ameingia katika michezo ya sinema, anaitwa Martin, amebatizwa, amefia huko huko. Mamake Bi Nasriya aliacha wasia mmoja: aliyeacha dini hasomewi khitma. Bi Nasriya aliushika wasia ule kama amana, Unguja na hata Maskati. Wafu wote wa ukoo walisomewa; babake, hapana. Sasa Sleiman alitaka asomewe, na wa kutoa ruhusa alikuwa mamake peke yake.

Bi Nasriya alikuwa kiziwi tangu homa ilipomnyang'anya masikio utotoni. Aliyetaka kuzungumza naye alimgeukia, naye akamsoma midomo.

"Picha yenyewe haina sauti," Balqis alimwambia akicheka. "Leo sote tu sawa nawe, Mama."

"Afadhali. Leo Ishaq hatanichosha kwa porojo zake."

"Nna porojo gani miye?" Ishaq alinung'unika. "Nimekuja kumtazama Martin wenu, basi."

Sleiman aliipata kanda ile kwa mhandisi Mnorwe aliyefanya kazi naye bandarini Matrah, na habari zake pia. Katika picha ya kwanza babu yake alibeba sanduku la tajiri. Katika ya pili alisimama mlangoni na upanga, mlinzi wa mfalme asiye na jina. Katika ya tatu aliangushwa kwenye theluji ili watu wacheke. Katika ya nne ndipo alipopewa kifo: baharia anayekata roho sitahani, kamera imeukaribia uso wake.

"Na hiyo ikawa ya mwisho," Sleiman alisema. "Aliambiwa atoe macho, apanue kinywa, amlilie nahodha. Hakufanya. Magazeti yao yakaandika kwamba mtu huyu hajui hata kufungua mdomo. Hakuitwa tena. Alirudi kutia makaa melini, mpaka kifua kikamwua hospitalini."

Picha ikaanza. Bi Nasriya alijiona: paji lake mwenyewe, nyusi zake mwenyewe, juu ya uso wa kijana mdogo kuliko Sleiman. Alisogea mpaka pumzi yake ikatia ukungu kwenye kioo. Kuna jambo alilolitaka kwa kijana yule, nalo hakuwahi kumwambia mtu.

Baharia alilala. Midomo yake ilitikisika kidogo tu, kisha ikatulia.

"Rudisha," alisema Bi Nasriya. Sleiman akarudisha. "Tena."

Mara ya tatu aliamuru picha isimamishwe. Kabla ya magoti kumshinda, Bi Nasriya alikuwa mwosha maiti, na wanawake wengi walikata roho yeye akiwa kando ya kitanda. Wenzake walitega masikio wasikie shahada ya mwisho, yeye aliitazama midomoni.

"Ishaq, toa shahada. Polepole."

Ishaq akaitoa. Kinywa kikawa wazi kidogo, ulimi ukipanda na kushuka, midomo haikugusana; hata lilipofika jina la Mtume, ikagusana, ikaachana, ikagusana tena.

"Sasa mtazameni yeye."

Sleiman akairudisha picha. Midomo ya baharia nayo ikagusana, ikaachana, ikagusana tena. Tasbihi ya Ishaq ikasimama.

"Ulikuwa mchezo tu, dada," alisema kwa unyonge.

"Mchezo wao. Yeye aliambiwa afe, naye hakuthubutu kufa hivi hivi."

"Na baada ya hapo? Nani ajuaye alivyoishia?"

"Mungu ajua. Mimi nimeona hili."

Balqis alimshika bega, machozi yakimtoka. "Basi hakuwasahau, Mama."

"Hakunitaja," alisema Bi Nasriya. "Nimemtazama mara tatu. Jina langu halimo."

Alitazama kioo hadi Sleiman alipokizima, kisha akageuka, akawakabili wote watatu.

"Ijumaa, baada ya Alasiri, itasomwa hapa khitma ya Msellem bin Bakhit. Ishaq, utaanza wewe uliyemwita Martin. Sleiman, waambie jamaa zetu wa Sidab, asiachwe hata mmoja. Mimi sijamsamehe, hilo ni langu na lake, siku tutakapoonana. Lakini kusomewa, atasomewa."