Barua Iliyogoma Kufutika

Katika kituo cha kompyuta cha kambini, kando ya barabara ya Kasulu, hakuna aliyejisumbua kufuta alichoandika. Kila mashine ilikuwa na programu ya ulinzi: ikizimwa na kuwashwa, yote yaliyoongezwa hupotea. Wakimbizi na wanakijiji waliandika mambo yao mazito, wakachapa, wakaondoka na karatasi zao. Kusahau ilikuwa kazi ya mashine.

Ijumaa, Evaline, msimamizi wa kituo, alifungua ulinzi wa mashine ya kwanza ili aweke toleo jipya la programu. Mtandao ulijikokota, naye akamruhusu Mzee Elia kuitumia wakati wakisubiri. Mzee akaandika barua, akachapa, akaenda zake. Jioni toleo lilipokamilika, Evaline akafunga ulinzi, kisha akainakili mashine hiyo, kama ilivyokuwa, kwenye nyingine kumi na moja.

Jumatatu, kabla ya kufungua mlango, aliikuta barua kwenye skrini zote kumi na mbili. *Binti yangu Honorata, aliyewaona waliomuua mumewe, amejificha Bangwe, kwa Mwanvua muuza dagaa.* Akatuma Mzee aitwe.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwalimu. Mbona umefunga? Mashine zimeshikwa na malaria?"

Alipoona skrini, utani ulimkauka mdomoni. Akaifuta barua mwenyewe, akazima, akawasha. Ikarudi.

"Imegoma!"

"Nilifunga ulinzi barua ikiwa ndani," Evaline alisema. "Sasa mashine inaihesabu kuwa kiungo chake. Kosa ni langu, Mzee."

"Nani ameisoma?"

"Mimi peke yangu."

Nje, foleni ilipaza sauti: "Mwalimu, fungua bwana, jua linatuchoma!"

Evaline alitoka. Angeweza kusingizia umeme, na wangemwamini. "Nimeharibu kazi mwenyewe," aliwaambia. "Leo hakuna huduma. Nisameheni."

Aliporudi, Mzee alikuwa bado anaisoma barua yake, midomo ikicheza.

"Miezi saba naiandika upya kila wiki, kuomba tuhamishwe," alisema. "Leo ndiyo mara ya kwanza nimeikuta ikiningoja."

Evaline alitamani amwambie kwamba ingewezekana kuibakiza mahali fulani, kwa siri. Lakini alikwisha kuona siri ya mashine hizi ilivyokuwa nyepesi.

"Ifute, mwanangu."

Wakaanza. Evaline alifungua ulinzi kwa nenosiri, Mzee akabonyeza kitufe cha kufuta, Evaline akafunga. Kisha wakazima na kuwasha, wahakikishe. Mashine moja baada ya nyingine. Mzee alikataa kiti, akakataa hata chai.

Alasiri mashine ya mwisho iliwaka. Skrini ilikuwa tupu. Mzee Elia aliitazama kwa muda mrefu, akiinamisha kichwa huku na huku, kama mtu akaguaye ua usije ukawa na upenyo.

"Haya," alisema. "Sasa amejificha."