Kome wa Mwisho wa Songwe

Miaka mitatu nilimtafuta kome wa Mto Songwe, yule mkubwa mwenye ganda jeusi kwa nje na rangi ya waridi ndani. Nilizama matopeni Katumba Songwe mpaka kiunoni, wanawake waliokuwa wakifua wakanicheka, nikapata na kichocho juu yake. Mimi ni ofisa uvuvi, na sikutaka mtu mwingine anitangulie. Kila kijiji nilichopita nilisema: ukimpata akiwa hai, usimwachie mtu yeyote, nikabidhi mimi Restituta mkononi.

Ijumaa ilikuwa siku ya mwisho ya kutuma ripoti. Apatikane kome mmoja hai, la sivyo aandikwe kuwa ametoweka. Jumatano nikapanda mtumbwi hadi Ikombe, kubahatisha tu.

Nilimkuta Mama Tusajigwe, mfinyanzi wa huko, uani, analainisha chungu kibichi kwa ganda. Kila alipoligeuza, niliona waridi.

"Shikamoo, mama. Hilo ganda umelipata wapi?"

"Marahaba. Ndaga, asante, umekuja mwenyewe." Akaliinua nilione. "Si ndiye yule wako? Nilimpata mwezi wa tatu, nilipokwenda kwa mdogo wangu Katumba Songwe. Nikamtia kwenye chungu na maji ya mtoni, nikakuletea ofisini."

"Mbona sikuambiwa?"

"Walisema uko Dodoma, kwenye semina. Wakataka niwaachie, nikakataa. Si ulisema mkononi? Nikakaa kwenye benchi siku mbili, namwongezea maji ya bomba. Siku ya pili akafunuka, hakujifunga tena." Akarudi kwenye chungu chake. "Nikaona ganda lisipotee bure. Linalainisha kuliko plastiki."

Semina ile ilihusu viumbe walio hatarini kutoweka. Tulipewa begi na cheti.

Nilitaka kulia, nikashindwa. Nilimkasirikia mama wa watu kwa utii wake, kisha hata hasira ikaisha, nikabaki mkavu. Alinipa lile ganda. Nikamrudishia, maana chungu kilikuwa hakijaisha.

Ijumaa nikajaza fomu. Jina, mto, wilaya, vyote niliandika bila kuhisi kitu. Mstari wa mwisho uliuliza mahali alipoonekana akiwa hai kwa mara ya mwisho.

Nikaandika: kwenye benchi, nje ya mlango wa ofisi yangu.