Ukucha Ndani ya Kidonda

Harufu ilimpokea Anande kabla hajamaliza kufungua bandeji. Alikuwa muuguzi wa siku nyingi katika zahanati binafsi njia ya Tengeru, na usaha haukumtisha. Lakini mguu wa bibi Nkasiogi, aliyeletwa na mwanawe kutoka Oldonyo Sambu, ulikuwa umeoza upya, na juzijuzi tu kidonda kilikuwa kinaanza kufunga.

Alikuwa akisafisha taratibu koleo lilipogusa kitu kigumu. Akadhani mfupa. Akakivuta, kikatoka na uzi wa usaha wa kijani: ukucha wa kubandika, wa pinki, wenye kijiwe kinachometameta.

Anande aliutambua. Mwenye kucha hizo alikuwa Blessing, nesi mpya aliyemfunga bibi kidonda mara ya mwisho. Zilimtobolea glavu kila mara, naye akaziacha glavu zenyewe. Anande alikwisha kulalamika kwa Daktari Sylvanus, mwenye zahanati, akajibiwa kwamba wagonjwa wanapenda nesi aliyependeza. Daktari huyohuyo alimrudisha Jackline, nesi mwingine, nyumbani kwa sababu ya kuvaa suruali.

Akaupeleka ukucha ofisini kwenye sahani ya vifaa. Sylvanus alikuwa anakula chipsi mayai. Blessing alikuwepo, akachungulia.

"Kumbe huu," alisema. "Nilidhani umedondokea jikoni."

Sylvanus alifunika chakula chake. "Bibi umemwambia?"

"Bado."

"Usimwambie. Mbadilishie dawa. Bibi wa porini atajua nini?"

Anande aliutazama mdomo ule uliong'aa mafuta, akaona kinyaa kikubwa kuliko alichokiona kwenye kidonda. Akatoka.

"Yeyo," alimwambia Nkasiogi, akimwita mama kwa Kimaasai na kumwonyesha ukucha, "hiki kilikuwa ndani ya mguu wako. Ni ukucha wa nesi wetu. Nenda hospitali ya mjini leo hii, uwaambie hivyohivyo."

Bibi aliutazama.

"Yule binti mikono yake ilinukia vizuri," alisema. "Nikasema moyoni, huyu ni msafi." Kisha akageuka pembeni, akatema mate.

Mwanawe alimbeba mgongoni hadi barabarani. Mjini waliuokoa mguu, ila vidole viwili vikakatwa.

Anande alivua sare yake jioni ileile, akaiacha juu ya meza ya Sylvanus. Nyumbani alioga, akaoga tena. Mumewe, Abdiel, alimwandalia ndizi nyama. Hakuweza kula.