Wa Kugombana Naye

Fundi saa na Mwalimu walikaa kizuizini pamoja miaka kumi na miwili kwa tuhuma za ugaidi, kisha wakahamishiwa nchi ya ugenini, wakapewa nyumba moja ya vyumba viwili. Mwezi wa tatu mke wa Mwalimu akaletwa. Wa Fundi alikuwa ameshaolewa kwingine.

Mchana mmoja Mwalimu na mkewe wakagombana jikoni kwa ajili ya chumvi. Fundi, chumbani kwake, akawasikia akaona wivu. Hata vicheko vyao havikuwahi kumuuma hivyo. Yeye angempata wapi wa kugombana naye?

“Shemeji, njoo tule!” mke wa Mwalimu akamwita.

“Nimeshiba,” akajibu, tumbo likimnguruma.

Mwalimu akaingia chumbani na sahani mbili, akaketi sakafuni. “Usinisusie, ndugu yangu.”

Fundi akala, ila hakumtazama usoni.