Joho Lililoita Paka

Anayesema mimi ni mwongo, aende Puteoli akawaulize paka.

Nilikuwa dobi kule, juu kidogo ya gati, mimi na mke wangu Vibidia. Asubuhi moja alikuja mteja nisiyemjua, akanitupia bunda lililoviringishwa ndani ya blanketi la kijivu. "Limemwagikiwa mafuta," akasema, akaondoka mbio kama aliyeacha chungu motoni.

Kabla ya adhuhuri habari ikapanda kutoka sokoni: mtu yule kakatwa kichwa. Alijishonesha joho la zambarau tupu, vazi la Kaisari peke yake, akawa analivaa chumbani na kujipungia mkono kwenye kioo. Mshonaji naye kakatwa. Mtia rangi naye. Sasa walinzi wa mji wanapita nyumba kwa nyumba kulitafuta joho lenyewe, pamoja na shingo ya yeyote watakayemkuta nalo.

Nikafungua bunda. Zambarau, kuanzia begani hadi miguuni. Na bizimu ya dhahabu ya kulifungia begani, kubwa kama yai la bata.

"Felicio," Vibidia akanong'ona, "hilo silo?"

"Silo. Ni blanketi limeona haya."

"Usinitanie, mwanaume! Na shingo yangu imo humo!"

Nikalitumbukiza kwenye mkojo uliochacha, ule tunaofulia, nikalikanyaga mpaka nyayo zikawaka moto. Lakini zambarau ya kweli, ile ya konokono wa baharini, ukiitesa ndiyo kwanza inanawiri. Likatoka linang'aa. Nikalifukiza kwa moshi wa salfa, ule tunaong'arishia nguo, likazidi. Nikachoma ncha moja jikoni, ikatoka harufu ya kila samaki aliyewahi kufa katika ghuba ile.

"We dobi!" jirani yangu Syneros, muuza maharage, akapaza sauti nyuma ya ukuta. "Leo umemchemsha mama mkwe?"

"Ni soksi zako, Syneros! Nilikwambia zichomwe!"

Nilicheka peke yangu.

Ndipo paka wakaanza kuja. Kwanza mmoja, wa kijivu. Halafu wale wa merikebu za Aleksandria, wanene, wenye majivuno. Nawaapia, hata yule wa vijiwe vya rangi aliyetengenezwa sakafuni kwa tajiri wa mtaa wa pili alijing'oa akaja, akidondosha vijiwe njiani. Wakaketi barabarani, wakaujaza mtaa. Hawakulia. Hawakupigana. Walitazama mlango wangu tu, wote, kimya. Nimeshaona watu wakisubiri hivyohivyo kwenye uwanja wa kunyongea.

Kutoka bondeni nikasikia viatu vya misumari vikigonga mawe, na sauti ya Mamercus, mkuu wa walinzi, kwenye nyumba za chini yetu: "Fungua! Na sanduku hilo pia!"

"Tumekwisha," nikasema.

Vibidia alikuwa anatazama kamba ya nguo. Kesho yake ilikuwa sikukuu, na akina mama wa mji mzima walikuwa wametuletea toga nyeupe za wavulana wao, zile nguo za kujitanda, mapindo yaliyochakaa yabadilishwe.

"Mtoto wa watu anaruhusiwa pindo la zambarau, au haruhusiwi?"

"Anaruhusiwa. Ndiyo kinga yake dhidi ya kijicho."

"Basi shika huku, uvute."

Akachukua mkasi. Kila mkasi ulipolia kra, nilishika koo. Alishona kwa kasi hata sindano ikatoa moshi. Mimi nilikuwa nainyunyizia maji isiunguze uzi. Tulipofunga fundo la mwisho, joho halikuwepo tena duniani. Bizimu ndiyo iliyobaki. Nikatoka nayo kwapani, nikaidondosha ndani ya mtungi wa mkojo, ule tunaowawekea wapita njia mlangoni.

Mamercus akatokea, anasukuma paka kwa fimbo. Akasimama mbele yangu. Akanitazama. Kisha akageukia mtungi, akapandisha nguo.

Sijawahi kusikia mtu akikojoa muda mrefu vile. Ndani ya mtungi kitu kililia ting.

"Mtungi wako una nini, dobi?"

"Ufa, bwana mkubwa. Umezeeka kama mimi."

Akanusa hewa. Akaingia. Akatembea chini ya toga zilizoning'inia, akashika pindo moja, akalipeleka puani.

"Zambarau nzuri. Nzuri mno kwa mtaa huu. Na mbona ni nyingi?"

Vibidia akainama kwa adabu.

"Watoto ni wengi, baba. Hiyo uliyoishika ni ya mwanao. Mama yake aliniomba nimtilie pana kidogo, apendeze mbele za watu."

Nilimwona Mamercus anahesabu kimoyomoyo: akilitaja joho, shingo ya mwanawe nayo imo. Rangi ikamtoka usoni, akawa mweupe kuliko toga zangu. Akaliachia pindo polepole, kama mtu anayemrudisha nyoka kapuni.

"Hapa hamna kitu," akawaambia walinzi.

Kesho yake wavulana wa Puteoli walipita barabara kuu wakiimba, na nyuma ya kila mmoja paka, mkia juu. Watu wakapiga makofi, wakadhani ni baraka. Mimi niliangalia upande wa pili tu. Mamercus alikuwa amesimama pale, hapigi makofi. Alikuwa ananitazama mimi, na kidole chake kinapita polepole shingoni, sijui alikuwa anajikuna, sijui alikuwa ananionya.

Tulihama kabla sikukuu haijaisha. Hadi leo paka akiketi mlangoni kwetu, Vibidia huinuka akatia komeo.